Burulcha na Neno Alilochelewa Kulielewa

Enyi mliofika, akina mama mliomo hemani na wanaume mliosimama nje kwenye theluji, nyamazeni kidogo, mimi Kuluypa, niliyeolewa na mdogo wa mume wa marehemu, nimepewa kazi hii kwa sababu namjua kuliko nyote, na nimepewa karatasi kwa sababu mnaogopa bila karatasi nitasema mengine.

Marehemu Burulcha alizaliwa tarehe 14 Machi 1949, hapa Tash-Bulung, wilaya ya At-Bashy, mtoto wa tatu wa mchunga kondoo Esenkul, akasoma hapa hapa mpaka darasa la nane, kisha mwaka 1966 akaenda mji mkuu, Frunze, kusomea uuguzi, kwa Kirusi, akarudi mwaka 1969 na sketi fupi iliyozungumzwa kijiji kizima miezi minne.

Aliolewa tarehe 2 Mei 1971, na wanaosema alitekwa ili aolewe ni waongo, nilikuwepo, alipanda farasi mwenyewe, tena kwa haraka, na mumewe siwezi kumtaja kwa kuwa ni shemeji yangu mkubwa, na sisi wake hatutamki majina ya wakwe wala maneno yanayofanana nayo, jina lake linaanza na jina la yule mnyama anayelia milimani na kula kondoo wetu, mnamjua. Mungu aliwajalia watoto wanne, wamebaki watatu.

Sasa kazi, na hapa binti zake waliniomba niruke, siruki, marehemu mwenyewe aliniagiza.

Tarehe 11 Februari 1974 alikuwa peke yake kwenye zahanati yetu, akaja Batma, siku ya tatu tangu ajifungue, akiwa na mama mkwe wake. Baba mkwe wa Batma aliitwa Kanimet, na damu kwetu ni kan, basi mke yule hakuweza kuitamka damu kama mimi nisivyoweza kumtamka huyo wa milimani, akasema, "Dada, wekundu wangu haukatiki." Burulcha akacheka, "Wekundu gani, wa mashavu? Hongera, wenzako wanautafuta!" Batma akamtazama mama mkwe, mama mkwe akatazama sakafu, Burulcha akatoa vidonge vya maumivu, akaandika daftarini kwamba mgonjwa hawezi kujieleza. Batma alikufa siku hiyo hiyo, kondoo hawajarudi zizini, akaacha kitoto kichanga, Salkyn.

Wala msiseme hakujua mila, alikuwa mke wa watu mwaka wa tatu, nyumbani naye akiyazunguka majina ya wakwe kama sisi sote, ila akivaa lile koti jeupe alikuwa anauacha Ukirgizi mlangoni pamoja na viatu vya matope.

Baada ya hapo alizunguka kambi za wachungaji miaka kumi na miwili, akiwauliza wake za watu wanaiitaje damu, wanaiitaje homa, akiandika, na tarehe 1 Septemba 1986 akaitwa kufundisha chuo cha uuguzi mkoani, alikokaa mpaka alipostaafu mwaka 2009. Somo lake la kwanza halikubadilika, kabla hujamuuliza mwanamke anaumwa wapi, mtoe mama mkwe nje, halafu muulize jirani wakwe zake wanaitwa nani. Wanafunzi wa mjini walimtania, "Mwalimu, hiyo ni tiba au umbea?" naye akajibu, "Umbea, mwanangu, na usipoujua utazika watu." Jibu hilo nilimpa mimi.

Aligunduliwa kuwa na saratani ya tumbo tarehe 20 Aprili 2018, akapasuliwa, akateseka, akafariki Ijumaa tarehe 8 Novemba 2019, saa saba mchana, nyumbani kwake. Katika ugonjwa wote hakutaka kitu ila radhi ya Salkyn, alimwita mara tatu, na mara tatu Salkyn hakuja.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa mkoa, majirani waliosimamisha hema na kuchinja, na walimu wenzake waliokuja kwa barabara hii mbaya.

Salkyn amefika leo asubuhi, yule pale karibu na mlango, mtu mzima wa miaka arobaini na mitano, akaniambia niyaandike maneno yake kama yalivyo, "Mama Kuluypa, radhi yangu nimempa. Ya mama yangu siwezi, hakuniachia."

Nimeandika. Basi Burulcha, unakwenda na nusu, nusu nyingine kamwombe Batma mwenyewe, na safari hii umsikilize mpaka amalize. Lala salama, dada.