Nyuzi za Skafu Yangu

Ndugu zangu, mnisamehe kwa mwandiko huu na kwa herufi nilizokosea. Niliishia shule ya msingi, naandika polepole, na kusimama mbele yenu bado kunanishinda. Nimemwomba mama mchungaji awasomee.

Mnajua nasuka nywele hapa mtaani Turffontein. Nikisuka naongea hata na ukuta. Mikono ikikaa bure, maneno hayatoki. Ndivyo ilivyokuwa nilipoitwa ofisi ya wakimbizi kueleza kwa nini nilikimbia kwetu Fizi. Ofisa aliuliza, mimi nikaangalia meza. Akasema, "Utarudi mwezi ujao. Ukinyamaza tena, nitaandika kwamba huna sababu ya kukaa nchi hii."

Wakati huo nilikuwa naenda mtaa wa Kensington kumchana nywele bibi mmoja Mjerumani, mzee sana. Ujanani alicheza filamu kwao, baada ya Vita Kuu ya Pili, miji ikiwa bado vifusi. Hakuwa yule mrembo wa kwenye bango. Alikuwa mtumishi anayeingia na sinia, muuguzi, jirani. Miaka yote, kila filamu sentensi moja tu.

Nilimweleza shida yangu nikiwa nyuma yake na kitana.

"Mbona kwangu unasema?"

"Labda kwa sababu sioni uso wako, bibi."

"Haya, asante," akasema, akacheka.

Kisha akanisimulia. Sentensi yake ya kwanza kwenye filamu ilikuwa kumwambia mama mmoja kwamba mwanawe hatarudi kutoka vitani. Kamera ikawashwa, maneno yakapotea. Mezani kulikuwa na vitambaa. Akaanza kuvikunja, kama alivyokunja na mama yake nyumbani, na kabla havijaisha sentensi ikatoka.

"Tangu hapo, binti, sikuingia kwenye picha mikono mitupu. Wakinipa neno, niliomba na kazi. Ndiyo maana waliniita tena."

Siku ikafika. Ofisa yuleyule. Nawaambia, maneno yalipotea kama mara ya kwanza. Akauliza tena, akatazama saa. Mikono yangu ikashika skafu, ile yenye nyuzi ndefu pembeni. Nikaanza kuzisuka.

"Unafanya nini?"

"Nasuka, bwana. Nikisuka naweza kusema."

Alinitazama. Nilijua atanifukuza. Akasema, "Eish. Haya, suka."

Nikasema yote: nyumba kuungua, baba kubaki ndani, sisi kukimbilia ziwani. Nilipoinua macho, upande mzima wa skafu ulikuwa umesukwa, naye alikuwa bado anaandika.

Kibali kilitoka. Bibi aliomba kuishika ile skafu. Vidole vyake vikapita juu ya msuko, vikasimama mahali pamoja.

"Hapa ulikaza sana."

"Hapo ni baba," nikamjibu.

Namshukuru bibi huyo, na dada mmoja wa hapa kanisani aliyekaa nje ya mlango wa ofisi tangu asubuhi akiniombea. Ndugu, ukiwa na neno linalokukaba, usilisubiri umekaa bure. Ipe mikono yako kazi inayoijua.

Niandikieni, hata mistari michache. Nitajibu, ingawa polepole. Na mkitaka kunisikia kwa sauti yangu, Jumapili ijayo mmoja wenu aje mbele na nywele ambazo hazijasukwa.