Mwili wa Mama Haukusahau

Usiku wa manane, tarehe 14 Machi 1972, katika chumba cha kupanga nyuma ya kiwanda cha sabuni, babu aliupiga mlango teke mara tatu, na kabla hakujapambazuka mama yetu akazaliwa, mtoto wa kwanza wa bibi na wa babu ambaye ukali wake, samahanini wazee wangu, mnaujua. Humo aliishi miaka mitano, akijificha chini ya kitanda kila babu aliporudi, hadi mdogo wake bibi alipomchukua akamlee kwake.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1979 hadi 1985, akajifunza kushona, na mwaka 1990 akaajiriwa katika karakana ya sare za shule, ambako wenzake walimcheka kwa kuruka kila kengele ya chakula ilipolia, naye akiwajibu wacheke tu, moyo wake uko ovataimu tangu utotoni.

Tarehe 6 Agosti 1994 alifunga ndoa na marehemu baba, fundi umeme, mtu aliyefunga mlango kama anayemfunika mtoto shuka, wakajaliwa kaka yangu na mimi ninayewasomea.

Shinikizo la damu lilimwanza akiwa na miaka ishirini na tisa, likafuata figo, kisha moyo, na hakuwa mnene, hakuvuta sigara, chumvi alionja tu, mpaka daktari akatuketisha akatueleza kwamba hofu ya utotoni inaweza kuwasha baadhi ya vinasaba na kuzima vingine, vyenyewe havibadiliki ila namna mwili unavyovitumia, mwili wake ukabaki kama mlinzi asiyepokelewa zamu, huenda si sababu pekee, wala si hukumu, kwani mtoto akipata utulivu mapema mwili nao hupata nafuu.

Mama akanitazama mimi, si daktari, maana alijua mwanangu wa miezi saba ameshajifunza kunyamaza ghafla akisikia funguo za baba yake, ambaye yupo hapa na ananisikia, na nasoma haraka kwa sababu nikisita nitashindwa.

Jumapili tarehe 2 Juni 2024 alinishika mkono akasema, “Mwanangu, mimi nilitolewa nikiwa na miaka mitano. Wako mtoe sasa.” Jumanne yake, saa kumi na moja alfajiri, akafariki.

Tunawashukuru daktari na wauguzi wa wodi ya moyo, majirani mliolala nasi, na mafundi wenzake mliosimamisha cherehani kuja kumsindikiza.

Mama, pumzika kwa amani, bila kushtuka tena. Tukitoka makaburini sirudi kule kwa mume wangu, mimi na mwanangu tunakwenda mahali ambapo mmoja tu kati yenu anapajua, naye ameniahidi kwamba hatamwambia mtu mwingine yeyote.