Kipande cha Ubao cha Fundi Djaffar

Wasikilizaji wapendwa, kama mko jikoni punguzeni moto, na kama mko kazini wekeni nyundo chini kidogo. Leo tunamkumbuka fundi Djaffar Maoulida wa Mahajanga, fundi wa mashine za boti. Amezikwa Ijumaa iliyopita, akiwa na miaka hamsini na tisa.

Waliomjua watakumbuka jambo moja. Fundi Djaffar hakumfungia mtu mashine kabla ya kupima. Alikuwa anapiga goti nyuma ya boti, anatoa kwapani kipande cha ubao mweusi, anakiegemeza pale, anatazama, anaguna. Upana wa kile kipande ni sentimita kumi na tatu. Shikeni hiyo, wapendwa: sentimita kumi na tatu. Wengine walidhani ni hirizi. Wengine walimcheka. Binti yake, Sittou, ametupa ruhusa tueleze kilitoka wapi.

Kwanza tuelewane, maana si sote watu wa bahari. Mashine ya boti ina mguu. Mguu huo unashuka majini, na mwisho wake kuna rafadha, lile pangaboi linalosukuma maji. Iko mashine ya mguu mfupi, sentimita thelathini na nane. Iko ya mguu mrefu, hamsini na moja. Toa hesabu, utapata kumi na tatu ile ile. Boti nayo ina ubao wa nyuma, ambao mashine huning'inizwa juu yake. Ubao mfupi, mguu mfupi. Ubao mrefu, mguu mrefu. Ukiuweka mguu mfupi kwenye ubao mrefu, rafadha inakaa juujuu. Kwenye maji matulivu boti itakwenda, tena utajisifu. Likija wimbi likainua nyuma, rafadha inameza hewa, mashine inapiga kelele, na boti haiendi popote.

Sasa basi. Djaffar alizaliwa Mahajanga, nyumba ya Wangazija. Baba yake, Mzee Maoulida, alikuwa seremala wa boti. Baada ya damu ya mwisho wa mwaka 1976, Wangazija walipouawa mitaani, wengi wao waliukimbia mji ule, wengine wasirudi tena. Mzee Maoulida akaichukua familia hadi Nosy Be, wakakaa kisiwa kidogo cha jirani, Nosy Komba, ng'ambo ya mji wa Hell-Ville. Huko alijenga boti moja tu. Ubao wa nyuma aliuinua juu, wimbi lisiingie, na kwenye ukingo wake akachonga dua kwa herufi za Kiarabu: Ewe Mola, wafikishe waliomo. Huo ndio ubao wa mwisho kupita kwenye randa yake. Alikufa mwaka 1978, na wasia wake ulikuwa mfupi: "Ubao huu usiguswe na msumeno."

Miaka miwili baadaye Djaffar akapata mashine, nguvu ya farasi nane, iliyokwishatumika. Ya mguu mfupi. Zile zilikuwa nyakati za uhaba, wapendwa. Sabuni ilikuwa taabu kupatikana, seuze mashine ya kuchagua mguu! Dawa ilikuwa moja: kukata pengo kwenye ubao wa nyuma, sentimita kumi na tatu, mashine ishuke. Kazi ya nusu saa ufukoni. Djaffar alikuwa amewakatia wenzake wengi. Lakini pale pa kukata ndipo ilipokaa dua ya baba.

Shemeji yake, Anli, kaka wa mkewe, alimwambia waziwazi. Anli yu hai, na amesema nasi kwa simu. "Nilimwambia, shemeji, kata. Akanijibu, asubuhi bahari imelala, mimi hutembea asubuhi. Nikamwambia, na siku utakayohitaji jioni? Akaninunia wiki nzima."

Mganga hajigangi, wasikilizaji wapendwa. Fundi wa boti za watu, yake ikawa hiyo.

Mwaka 1981 mkewe Hayrat alikuwa na mimba ya miezi minane na nusu. Siku moja baada ya sala ya adhuhuri, damu ikaanza kutoka bila uchungu. Mkunga wa kijiji, Bi Bahia, alifunua shuka mara moja tu. Akasema kwa Kingazija chao: "Hii si ya kuzalishia nyumbani. Hospitali. Sasa hivi." Hospitali ilikuwa Hell-Ville, ng'ambo ya mlango wa bahari, na upepo wa mchana ulishaamka.

Walipanda watu wanne: Hayrat amelazwa mbele juu ya godoro, Bi Bahia pembeni yake, Anli katikati, na Djaffar nyuma na mashine. Karibu na ufuko walikwenda vizuri. Djaffar akaanza kushukuru Mungu. Kufika katikati, mawimbi yakawakabili usoni. Boti inapanda, nyuma inainuka, mashine inalia. Inashuka, inashika kidogo, inainuka, inalia tena. Djaffar alikuwa anautazama mti mmoja mrefu wa Nosy Komba, apime mwendo. Ule mti haukusogea. Kisha akaona wanarudi kinyumenyume.

Anli na Bi Bahia wakahamia nyuma kuongeza uzito. Rafadha ikashika, lakini pua ya boti ikainuka na kupiga maji, pu, pu, na kila pigo Hayrat anapiga kelele. Bi Bahia akarudi mbele anatambaa. Akaligusa godoro, akauona mkono wake mwekundu mpaka kwenye kifundo. "Weye Djaffar! Ukiendelea kumtikisa hivi utafika na maiti!"

Djaffar akazima mashine. Kimya kile, Anli anasema, kilikuwa kibaya kuliko makelele. Kwenye boti hamkuwa na msumeno. Kulikuwa na panga la kukatia nazi. Djaffar akalishika, akasimama mbele ya dua ya baba yake, na mikono haikwenda. Alisimama tu. Boti inasukwasukwa, mke anavuja damu, naye amesimama.

Aliyesema alikuwa Hayrat, pale alipolala. Hakupandisha sauti.

"Djaffar. Babako amekufa. Mimi ningali hai."

Ndipo akakata. Waliishusha mashine wawili, wakailaza chini. Akapiga panga upande wa kulia, akapiga upande wa kushoto, huku analia na kuomba radhi, Anli hakujua ni kwa baba au kwa mke. Ule ulikuwa ubao mgumu, na Mzee Maoulida hakuchagua mbao laini. Dakika arobaini! Anli alikuwa na saa mkononi, na anasema angetamani asingekuwa nayo. Mwishowe ubao ulipasuka kufuata nyuzi zake, kipande kikatoka kizima na maandishi yake. Wakaining'iniza mashine kwenye pengo, Djaffar akavuta kamba. Rafadha ikayashika maji, haikuyaachia tena mpaka Hell-Ville. Boti ile ile, mashine ile ile. Ilikwenda kama inavyotakiwa kwenda.

Mtoto alitolewa hai. Ndiye Sittou. Hayrat alifariki kabla ya magharibi. Daktari, mtu mpole, hakujua anachokisema alipomwambia Djaffar: "Mngefika nusu saa kabla, labda." Djaffar akaketi sakafuni kwenye kibaraza cha hospitali, kile kipande mapajani, na watu wawili hawakuweza kumwinua.

Alirudi Mahajanga mwaka 1984 na binti yake mgongoni. Akafungua karakana njia ya Amborovy. Kutoka hapo mpaka kwenye boti za Antsanitia, hakuna nyuma ya boti ambayo hakuipigia goti. Bwana Chaher, mwenye boti tatu, anakumbuka: "Nilimpelekea mashine mpya kabisa, inang'aa. Akaweka kile kibao chake, akasema, mguu mfupi, rudisha. Nikamwambia, mzee, nimeshanunua! Akasema, basi kata ubao, au nenda kwa fundi mwingine ukafie kwake. Nilimtukana. Halafu nikakata."

Wengi walimtukana, kisha wakakata. Wote wakarudi nyumbani kwao.

Miaka thelathini na moja, wapendwa. Hakuoa tena. Shehe wa mtaani alimwambia mara nyingi kwamba hakutenda dhambi kukata, dua haikai kwenye ubao. Djaffar alikuwa anamjibu lile lile: "Shehe, mimi siulizi juu ya kukata."

Wiki ya mwisho, pumzi zimekuwa fupi, Sittou alimwuliza alichokuwa hajathubutu kumwuliza maisha yake yote. Haya ndiyo maneno ya binti mwenyewe. "Nilimwambia, baba, hukujua kama ingekuwa hivyo. Akanikamata mkono. Akasema, nilijua, mwanangu. Mimi ni fundi. Nilijua tangu siku ya kwanza niliyoifunga."

Alitaka azikwe na kile kipande. Sittou amekataa. Amekitundika mlangoni pa karakana, chini kidogo, ili mtu akifikie bila kumwita yeyote. Juzi matanga hayajaisha, mvuvi kutoka Antsanitia alikuja, akatoa rambirambi, akasimama hapo anakitazama. Sittou akamwambia, "Chukua, kapime. Ukimaliza rudisha."

Tunawapa mkono wa pole Sittou, mjomba wake Anli, na jamaa wote wa Mahajanga, Nosy Be na Ngazija. Mungu amrehemu fundi Djaffar, amrehemu Hayrat, awakutanishe pema.

Nasi tuliobaki tujiulize. Kila mmoja wetu ana ubao wake anaouonea haya kuukata, na anajua vipimo vyake. Kama unavijua, ndugu yangu, kata leo asubuhi, boti ingali ufukoni na mkeo yumo ndani anapika chai.