Selestine Makoye na Kaka Aliyemwonea Kijicho

Wasikilizaji wapendwa, sogeeni karibu. Leo tunamkumbuka Selestine Makoye wa Ibadakuli, Shinyanga. Selestine, mwalimu wa taratibu za kesi za madai. Ametutoka mwaka huu wa 1957, kwa homa.

Kazi yake ilikuwa nini hasa? Aliwafundisha makarani na mahakimu wa mabaraza, kutoka Shinyanga mpaka Geita: nani aitwe, nani aseme kwanza, hukumu isomwe vipi. Aliandika gazetini. Siku za gulio aliwafafanulia watu hukumu, kwa Kiswahili na kwa Kisukuma.

Lakini wasikilizaji, kikulacho ki nguoni mwako. Aliyemwonea kijicho alikuwa kaka yake wa tumbo moja, Herman. Herman ndiye mkubwa. Herman ndiye hakimu wa baraza. Ila watu wakitoka barazani kwake walikwenda moja kwa moja kwa Selestine, kuuliza kama hukumu imekaa sawa. Roho ilimuuma Herman, ikamuuma kweli.

Mwaka 1951 Herman aliamuru ng'ombe wa mtu mmoja wachukuliwe kwa madai ya mahari. Mwenye ng'ombe alikuwa machimboni Geita. Hakuitwa, hakusikilizwa. Selestine akasema hadharani, gulioni Buseresere: "Mtu ambaye hakuitwa hajashindwa." Yule bwana akakata rufaa, kesi ikaanza upya.

"Mdogo wangu amenivua nguo sokoni," Herman alimlalamikia dada yao, Apolonia. Tangu hapo, Selestine akimwamkia, "Shikamoo, kaka," Herman alitazama pembeni.

Sasa Selestine amezikwa. Ukoo ukakaa kikao, na mwenye kikao ni Herman, kwa kuwa ndiye mkubwa. Nyumba ya Ibadakuli, akajipa. Ng'ombe, akajipa. Mjane, Generosa, yaani Mama Zipora, yuko nje na wanawake wenzake. Hakuna aliyemuuliza kitu.

Apolonia akasimama. "Kaka, Mama Zipora hajasema neno."

"Mnaniletea Selestine hata humu ndani?" Herman akafoka. "Amekufa! Niacheni nami niamue walau moja!"

Wazee waliinamisha vichwa, wakangoja. Walichokingoja kila mtu alikijua: asiyeitwa aitwe kwanza, kama Selestine alivyofundisha. Herman naye alikijua, na hilo ndilo lililomchoma.

Akaagiza mjane aitwe.

Generosa akapiga goti mlangoni. "Shikamoo, shemeji. Naomba nibaki na wanangu nyumbani kwetu."

Herman, mzee mzima, akatokwa na machozi. "Baki," akasema. "Nyumba yako. Ng'ombe wako. Huyu mtu alinishinda akiwa hai, amenishinda na leo. Na sasa sina hata wa kugombana naye."

Tunampa pole Mama Zipora na watoto wake. Pole, dada Apolonia. Na pole sana, bwana Herman, maana msiba wako una majuto ndani yake. Nawe msikilizaji, ikiwa kuna ndugu unayemnunia kwa sababu watu wanamsifu, mfuate leo, mle pamoja. Mungu amrehemu Selestine Makoye.