Fundi Viatu wa Kwenye Kona

Wasikilizaji wapendwa, karibuni tukae. Leo nimeingia studio miguu mizito. Nimechoka kuaga watu, na huyu wa leo nilitamani aagwe na mtangazaji mwingine. Tumempoteza mwandishi wa mtaa wetu. Mlimwita Karani, ingawa hakuwahi kufanya kazi ofisini hata siku moja.

Karani aliandika riwaya, na aliandika historia. Zote za mtaa mmoja, huu huu wenye mabati ya kutu na mitaro inayoziba kila mvua ikinyesha. Na alikuwa na desturi yake. Hachapishi kitabu mpaka akisome kwanza kwa fundi cherehani, mbele ya majirani. Mkikubali, kinakwenda kwa mchapishaji. Mkikataa, anarudi nyumbani kuandika upya. Desturi hiyo hakuivunja, na hapo ndipo alipokwama.

Katika riwaya yake ya kwanza alimweka fundi viatu, mwenye kibanda kwenye kona. Mtu wa kutunga tu. Lakini jamani, mlivyompenda yule fundi! Miaka ikapita, watu wakaanza kumkumbuka. Huyu anasema alimpotezea soli, yule anasema alikuwa na kikohozi kibaya.

Basi Karani alipoandika historia, ya kweli tupu, hakumtia. Akaisoma pale kwa fundi cherehani. Kisha Bibi wa Kona, yule mjane anayekaa kwenye kona yenyewe, akauliza, "Na fundi viatu je?"

"Bibi, yule nilimtunga mimi."

"Umemtunga? Hebu nitokee hapa! Viatu vyangu vya harusi alivishona nani? Marehemu mume wangu aliniambia kwa mdomo wake kwamba ametengenezesha kwa fundi."

Wakakataa, wote. Historia isiyo na fundi viatu hawaitaki.

Mkewe ameniambia hivi: "Alirudi akakaa kitandani na viatu vyake miguuni. Akasema, mama watoto, nimechoka. Niliwapa mtu, sasa wananidai kaburi lake."

Angeweza kumchomeka yule fundi, yaishe. Mkewe alimsihi, lakini wapi! Akaanza kupita nyumba kwa nyumba, kifua kinambana, akiuliza viatu vya mtaa huu vilishonwa na nani. Wengine walimfungia mlango usoni. Mwisho fundi cherehani akamvuta pembeni, akamweleza jambo. Karani akaandika sura moja ya mwisho. Hakuwahi kuisoma mbele ya watu. Kifua kilekile kilimmaliza.

Jana, baada ya mazishi, mkewe aliibeba sura ile mpaka kwa fundi cherehani. Nilikuwepo. Vyerehani vimefunikwa, watu wamekaa juu ya marobota ya vitambaa. Akasoma kwa sauti iliyokauka.

Mtaani hapakuwa na fundi viatu. Kila nyumba ilijishonea, kwa waya, kwa uzi wa gunia. Na kijana mmoja aliyekuwa anaoa, mfukoni hana kitu, aliazima sindano nene kwa fundi cherehani. Akakata mkanda wake wa ngozi, akashona viatu vya bibi harusi kwa mikono yake. Akasema vimetoka kwa fundi, maana aliogopa mchumba wake ataona aibu kuvivaa.

Bibi wa Kona akamgeukia fundi cherehani. "Ni kweli haya?"

"Ni kweli, shemeji. Aliniapisha nisiseme."

Bibi akaitazama miguu yake. Akalia, huku anacheka. "Ndiyo maana cha kushoto kilikuwa kinabana! Na mimi miaka yote namlaani fundi wa watu."

Akajifuta uso kwa ncha ya kanga, akamwambia mke wa marehemu, "Peleka kitabu, mwanangu. Kimekubaliwa."

Mama, pole sana, wewe na watoto. Poleni watu wa mtaa. Karani alichoka kwa ajili yetu, na sisi tulimchosha, tusifichane. Nanyi wasikilizaji wapendwa, kama ndani mwenu kuna kitu kizuri mnachoamini kilitoka kwa fundi wa nje, ulizaneni leo, wakati wenye majibu bado wapo.