Karatasi Nilizosaini Tupu

Sogeeni karibu, wanangu, pumzi niliyo nayo ni kidogo na sitaki kuimaliza kwa kupaza sauti. Jerusha, funga mlango. Athanas, weka simu yako hapo mezani niione, maana hata leo siamini kwamba hainisikilizi kwa niaba ya mtu. Mtanisamehe. Ualimu wa miaka ishirini na mitatu, kisha bunge la kaunti, vimenizoeza kumtazama mtu mikono kabla ya uso.

Mnakumbuka nilipokuwa mwalimu mkuu: kila mwisho wa muhula nilisaini ripoti za wanafunzi zikiwa tupu, walimu wa madarasa wakazijaza baadaye, na hakuna aliyenidanganya hata alama moja. Basi watu wa wadi waliponichagua mwaka wa 2013 nikaenda na tabia ileile. Niliacha ofisini karatasi zenye muhuri na sahihi yangu, ili barua za kuwaombea watoto basari zisikwame nikiwa vikaoni. Moja ikaandikwa kwamba wazazi wamekubali kiwanja cha shule, shule yangu mwenyewe, kimilikishwe mtu. Watu walipoona vigingi uwanjani wakaniita mwizi, na kura za 2017 zikanimaliza.

Nilimshuku karani wangu Reuben. Nikawashuku wapinzani, nikamshuku hata mama yenu, Mungu amrehemu, kwa kuwa alikuwa na ufunguo wa ofisi. Reuben nilimfukuza mbele ya watu. Leo anauza mitumba sokoni, na wanawe hawatusalimii.

Sasa sikilizeni kilichonipandisha ndege na moyo huu mbovu kuja hapa kwa Jerusha, Fereej Bin Mahmoud, katika nchi hii ya Waarabu, kwani si matibabu kama mlivyodhani. Athanas, ni mimi niliyekufundisha kuandika, darasa la pili, nikakuchapa kwa ile mikia ya herufi unayoikata kabla haijafika chini. Barua ile nilionyeshwa mara moja tu, na mwandiko niliujua papo hapo. Niliwashuku watu wote ili nisimtaje mmoja niliyemjua, nawe ukaja Al Rayyan kuendesha magari ya watu, ukidhani umenikimbia. Wazee walisema kikulacho ki nguoni mwako, ila hawakusema ufanyeje ukiwa unakipenda.

Usilie, na usiniambie hati ya kiwanja iko Nairobi. Iko kwa jina lako na iko sandukuni mwako. Jerusha, nawe usijifanye mgeni, ulijua ukanyamaza. Nimeona unavyonikwepa macho ukinipa dawa. Mficha uchi hazai.

Nyumba na shamba la chai gawaneni bila kelele. Lakini mwili wangu usishushwe kaburini kabla Athanas hajasimama mbele ya wazazi wa shule, akawakabidhi hati, akamwomba Reuben radhi kwa niaba yake na yangu. Akikataa, nizikeni hukuhuku mchangani, kwa watu wasionijua.

Nimechoka... Mungu akulinde, Jerusha, katika zamu zako zote, na uzao wako. Athanas, inama, mkono haufiki... Hapo. Nakubariki, mwanangu. Nakubariki, na bado nakushuku. Jerusha, nenda naye Al Rayyan sasa hivi, usimwache aingie chumbani mwake peke yake... ileteni hati niishike... nitajaribu kuwangoja.