Hannelore Wiebusch, Aliyeudai Uso wa Mumewe (1947–2019)

Bi Hannelore Wiebusch, tunayemsindikiza leo, alizaliwa Lüneburg tarehe 9 Machi 1947, mtoto wa pili wa fundi viatu Friedhelm Ahlers na mkewe Gesine.

Alisoma hapo hapo, na mwaka 1962 akaenda Hamburg kujifunza kushona glavu. Mwalimu wake alimlalamikia baba: "Binti yako ananusa ngozi kama mwokaji anavyonusa mkate!" Baba akajibu, "Basi hatalala njaa."

Mwaka 1971 alifungua karakana St. Pauli, mtaa wa starehe wa Hamburg, akawashonea wapenzi wa mavazi ya ngozi nyeusi makoti, mikanda na barakoa. Familia haikuipenda kazi hiyo, wala haitajisingizia leo. Lakini haki isemwe: watu wale walikuwa na miiko. Kila barakoa ilifinyangwa juu ya uso wa mtu mmoja, hakuna mwingine aliyeivaa, na mwenyewe akifa alizikwa nayo.

Tarehe 4 Mei 1974 alifunga ndoa na Jost Wiebusch, kuli wa bandarini na mmoja wa wapenzi wale. Hawakujaliwa watoto. Barakoa ya Jost, iliyopinda pua kama yeye, aliishona kwa mapenzi kuliko zote.

Siku hizo watengenezaji wa filamu za watu wazima walizoea kuja kwenye klabu ya watu wale, wakachukua mavazi na kuiacha miiko. Mwaka 1983 mmoja wao, Volkmar Tietjen, aliiazima barakoa ile kwa Jost. Kabla haijarudi, Jost aliteleza gatini, akafa maji. Hannelore akamwendea Tietjen.

"Nipe uso wa mume wangu nimzike."

"Bi mkubwa, si kipande cha ngozi tu? Nitakununulia mpya."

"Utainunua kwa nani, we kijana? Mshonaji ni mimi!"

Hakupewa. Jost alizikwa bila barakoa.

Filamu ikapendwa, barakoa ikaigwa. Hannelore akawa anakutana na mumewe kwenye mabango na madirisha ya maduka. Mara moja, mlangoni mwa klabu, vijana watatu walimgeukia kwa pamoja na pua ile ile. Nyumbani ilikuwa kinyume. Jioni Jost alisimama ukumbini, koti limelowa, na mahali pa uso hapana kitu.

"Hasemi," alimwambia mdogo wake Elfriede. "Anapapasa ukuta tu."

"Dada, unanitisha."

"Na mimi je?"

Elfriede, asiyeamini mizimu, hakulala tena nyumba ile.

Mwaka 2017 Hannelore aliugua mapafu. Tietjen, naye kazeeka, alimpelekea barakoa hospitalini. Hannelore akaingiza mkono ndani, akautoa upesi. "Ni nakala. Humu hamna mtu."

Alifariki tarehe 2 Novemba 2019. Ameacha mdogo wake Elfriede na mpwa wake Wiebke.

Kaburi la Jost limefunguliwa ili walale pamoja. Aliye na barakoa halisi hataulizwa neno. Aiweke kabla udongo haujarudi.

Apumzike kwa amani Hannelore, na huko aendako amtambue mumewe.